Mteja akiomba "Deca": namna ya kulisoma jina la dawa, kwa mnaoanza kazi famasi

Ninyi mnaoingia famasi sasa, iwe ni intani au kazi yenu ya kwanza, hamtakaa muda mrefu kabla kijana mwenye mabega mapana hajasimama dirishani na kusema "naomba Deca", kwa sauti ileile anayoombea Panadol. Kabla hujamwambia ipo au haipo, ujue ameomba nini. Dawa yenyewe ni nandrolone decanoate. Deca-Durabolin ni jina la kibiashara, lililoingizwa sokoni na kampuni ya Organon ya Uholanzi mwanzoni mwa miaka ya 1960, na "Deca" ni kifupi cha vijiweni. Majina nayaandika kama yalivyochapwa kwenye boksi, kwa sababu ndivyo mtakavyoyakuta kazini.

Neno la kwanza ndilo dawa. Ndani yake kuna "andr", kipande ambacho utaratibu wa majina ya kimataifa wa Shirika la Afya Duniani umekitengea homoni za kiume na jamaa zake. Kemia ya nandrolone ni testosteroni iliyoondolewa kaboni moja, ile ya namba 19, ndiyo maana vitabu vingine huiita 19-nortestosterone. Kaboni moja inaonekana jambo dogo, lakini inabadilisha mengi. Testosteroni ikifika kwenye ngozi na tezi dume, kimeng'enya cha hapo huigeuza kuwa homoni kali zaidi. Nandrolone ikifika palepale, kimeng'enya kilekile huigeuza kuwa kitu dhaifu. Madaktari wakapata dawa inayojenga misuli, mifupa na damu bila kuleta ndevu na chunusi kwa kiwango cha testosteroni. Nimesema kwa kiwango, sikusema bila kabisa. Mwanamke akiitumia anaweza kupata sauti nzito, na sauti hiyo inaweza isirudi hata dawa ikikatishwa.

Sasa mkia wa neno hilo, "olone", ndio unaowapoteza wengi. Unaeleza umbo tu: "ol" ni kundi la oksijeni na haidrojeni, "one" ni ketoni. Haukuambii dawa inafanya nini. Prednisolone ina mkia huo, triamcinolone inao, na hizo mbili haziko kundi moja na nandrolone: ni kotikosteroidi, dawa za kutuliza uvimbe na mzio. Zote ni steroidi kwa maana ya kiunzi chao cha pete nne za kaboni, lakini kolesteroli nayo ina kiunzi hicho, na homoni zilizomo kwenye vidonge vya uzazi wa mpango pia. Nandrolone hujenga msuli. Prednisolone ikitumiwa muda mrefu huula msuli, mgonjwa akabaki na miguu myembamba na uso wa duara.

Kwa hiyo mtu akikuambia "hiyo si ina steroidi?", hajakuambia kitu bado. Mama wa mtoto mwenye pumu ataogopa prednisolone kwa sababu ya habari alizosikia za mabaunsa. Dada mwingine atataka dexamethasone, jamaa wa prednisolone, pamoja na cyproheptadine, dawa ya mzio inayoongeza hamu ya kula, "anenepe", akidhani anajenga mwili, kumbe anapata njaa, maji na mafuta, na sukari inaweza kupanda. Wote wawili wamepotezwa na neno moja, na ni kazi yako kuwatenganishia makundi hayo kwa lugha ya kawaida. Usimjibu mama yule kwa kumcheka.

Kwa wanaofanya kazi karibu na kambi za riadha, kama Iten au Eldoret, kosa hili lina gharama nyingine. Miaka ya 2021 na 2022 wakimbiaji kadhaa wa Kenya walikutwa na triamcinolone na wakafungiwa. Ni sindano ambayo hospitali huitumia kwenye viungo vinavyouma na hata kwenye makovu yaliyovimba. Ukisikia mkia "olone" ukadhani kanuni ni moja, utampotosha mwanariadha: steroidi za kujenga mwili zimepigwa marufuku wakati wote, awe mashindanoni au nyumbani amelala, ilhali kundi la triamcinolone kwa njia ya sindano limekatazwa wakati wa mashindano. Mwanariadha akijitambulisha kwako, muulize kama daktari wa timu anajua, na umtajie dawa kwa jina lake kamili ili naye aitafute kwenye orodha ya dawa zilizokatazwa michezoni.

Turudi kwenye neno la pili, ambalo mtaani limelimeza la kwanza. Decanoate haijengi msuli wowote. Ni mkia wa asidi ya mafuta wenye kaboni kumi, uliobandikwa kwenye nandrolone ili dawa ipende mafuta kuliko maji. Ukiichoma ndani ya msuli, inakaa pale kama akiba na kuvuja polepole kwa wiki kadhaa. Ikishaingia kwenye damu, vimeng'enya hukata mkia, nandrolone ikabaki peke yake na kuanza kazi. Anayetaka kuhakikisha aende kliniki ya afya ya akili: fluphenazine decanoate na haloperidol decanoate zina mkia uleule, na sababu ni ileile, mgonjwa achomwe mara moja kila baada ya wiki mbili hadi nne badala ya kumeza vidonge kila siku. Hazina uhusiano wowote na kunyanyua vyuma.

Chukua boksi la Sustanon 250, sindano ya testosteroni, usome ubavuni. Utakuta testosterone propionate miligramu 30, phenylpropionate 60, isocaproate 60, decanoate 100. Jumla 250. Mgeni ataona dawa nne, lakini dawa ni moja, testosteroni, iliyovalishwa mikia minne: propionate huachia mapema, decanoate hukaa zaidi, na hizo nyingine mbili ziko katikati. Tena sehemu ya miligramu hizo ni uzito wa mikia yenyewe. Testosteroni halisi humo ni kama miligramu 176. Ukilisoma boksi hilo mara moja kwa utulivu, hutahitaji kukariri orodha ya mikia.

Mkia ndio unaokupa maswali ya kuuliza kabla ya sindano. Dawa ya namna hii iko kwenye mafuta, hivyo ni ya msuli, ndani kabisa, kamwe si ya mshipa. Mafuta ya Deca-Durabolin na Sustanon ni ya karanga. Uliza kuhusu mzio. Na kwa kuwa inavuja taratibu, madhara yakitokea hakuna cha kusitisha leo kikaisha kesho. Kanuni hii ya mkia inavuka hadi kwenye methylprednisolone: ile ya acetate ni ya kuchomwa kwenye msuli au kiungo, ile ya sodium succinate ndiyo inayoweza kupita mshipani. Jina la kwanza ni moja, na rafuni mara nyingi zinakaa jirani.

Kipande "methyl" au "meth" kinahitaji tahadhari pia. Kwenye steroidi za kujenga mwili zinazomezwa, kama methyltestosterone, methandienone, oxymetholone na hata stanozolol ambayo jina lake halikionyeshi, kundi la methili kwenye nafasi ya 17 huzuia ini lisiiharibu dawa haraka, na ini ndilo linaloumia. Lakini usiligeuze kuwa sheria ya kila jina: dexamethasone na methylprednisolone zina kipande hicho mahali pengine, kwa kazi nyingine.

Matumizi halali ya nandrolone yamepungua sana. Zamani ilitumika kwa upungufu wa damu wa wagonjwa wa figo, hadi erythropoietin ya kutengenezwa, homoni inayoamuru mwili utengeneze damu, ilipoidhinishwa Marekani mwaka 1989 ikachukua nafasi yake. Ilitumika pia kwa mifupa dhaifu ya wanawake waliokoma hedhi, kwa kawaida miligramu 50 kila wiki tatu, na kwa waliokonda kwa maradhi sugu. Ukipokea cheti chake, hakikisha hakuna ujauzito, hakuna saratani ya tezi dume wala ya matiti kwa mwanamume. Angalia kama mgonjwa yuko kwenye warfarin, dawa ya kuzuia damu kuganda, kwa sababu damu itazidi kuwa nyepesi, au kwenye insulini, kwa sababu sukari inaweza kushuka. Kwa mtoto, inaweza kufunga mifupa kabla hajamaliza kurefuka.

Kijana wa dirishani hana cheti. Jibu ni hapana, lakini msimalizie hapo, kwa sababu ataenda kuinunua kwa mtu wa jimu, kichupa ambacho hakuna aliyekipima. Mueleze kwamba homoni ya nje ikijaa, ubongo huacha kuyaamuru makende yafanye kazi. Yanasinyaa, na mbegu zinapungua hadi pengine kuisha. Katika uzoefu wangu hiyo ndiyo habari inayomfanya aliyekuja kwa haraka avute kiti. Habari za ini na kolesteroli huzisikiliza kwa adabu tu. Na mwanamume akija kuulizia dawa za kuongeza mbegu, muulize kwa faragha, bila mke wake pembeni, kama amewahi kuchoma sindano za jimu. Wengi hawasemi kwa sababu hawajui kama vina uhusiano.

Kwenye rejista na kwenye lebo andikeni maneno yote mawili, nguvu yake na njia ya kutolea: nandrolone decanoate 50 mg/ml, sindano ya msuli. Msiandike "Deca 50". Muuguzi wa kliniki ya akili akiona "Deca" anaweza kufikiria fluphenazine yake. Cheti kikija kimeandikwa hivyo kwa mkono, pigeni simu kwa daktari kwanza, hata kama foleni imefika mlangoni.