Miezi mitatu ya Kisiria: jibu langu kwa kijana aliyeniandikia

Juzi Jumatano usiku nimeshajifunika shuka, simu ikalia. Meseji: "Shikamoo mwalimu, nimeona uliposti kwamba umemaliza Injili ya Marko kwa Kisiria. Na mimi nakitaka. Nianzie wapi? Nina miezi mitatu kabla chuo hakijafunguliwa." Marahaba mdogo wangu. Hiyo miezi mitatu ndiyo imenitoa kitandani niandike hii, maana hata mimi niliwahi kuisema, tena kwa mbwembwe, na iliishia pabaya.

Ni kweli nimemaliza Marko, sura zote 16, kwenye Peshitta, ile Biblia ya zamani ya makanisa ya Kisiria (Kisiria ni lugha ya kale ya Mashariki ya Kati, ndugu wa Kiarabu na Kiebrania), na sitajifanya mnyenyekevu, nimefurahi sana. Imenichukua miaka minne. Mwalimu wa Kiswahili wa sekondari, miaka 41, hakuna aliyenituma wala aliyenilipia ada. Mke wangu alishazoea kuniona mezani nanong'ona kama mtu anayepiga dua, na mwanangu akiulizwa baba yuko wapi anajibu "yuko na nukta zake".

Hizo nukta ndizo zilizoniaibisha, acha nilitoe hilo kwanza. Kisiria kina herufi 22, unasoma kutoka kulia kwenda kushoto kama Kiarabu, na humo kuna herufi mbili, dalath na rish, ambazo mchoro wake ni uleule. Kinachozitenganisha ni nukta moja: ya dalath inakaa chini, ya rish inakaa juu. Basi mwaka wa kwanza nilijiunga na darasa moja la mtandaoni la nje, sitalitaja, wenzangu wengi walishasoma Kiebrania, mimi nimekuja na bando la wiki na daftari. Wiki ya sita tuko Yohana 19:34 na zamu yangu ikafika. Mstari wenyewe kwa Kiswahili naujua kwa kichwa, "na mara ikatoka damu, na maji". Nikaona ܕܡܐ ܘܡܝܐ, nikasoma kwa sauti ya mtu anayejiamini, "rama w-mayya". Damu ni dma. Rama ni kitu kilicho juu, kirefu. Yaani mbele ya watu wazima nimetangaza kwamba ubavuni mwa Bwana umetoka urefu na maji! Mmoja akacheka mpaka maikrofoni ikakwaruza, na mwalimu akasema, kwa ule upole unaouma kuliko tusi, kwamba labda ningeanza na lugha nyepesi kidogo halafu nirudi.

Nikafunga laptopu. Miezi minane sikukigusa. Na kilichonichoma zaidi ni kwamba neno lenyewe lilikuwa damu, neno ambalo kila mwaka nalifundisha kwenye maneno ya mkopo, Kiarabu dam, Kisiria dma, ndugu wa tumbo moja, ningetuliza macho kidogo tu ningelishika. (Mayya na maji usidanganyike, hapo ni bahati tu, maji ni letu la Kibantu.) Yule mwalimu simchukii. Ila sijasahau, na kama siku moja akitumia mashine ya kutafsiri akasoma hapa, basi ajue Marko nimeimaliza.

Kwa hiyo la kwanza, andika kwa mkono. Programu za simu futa kwanza, zinakupa nyota na makofi halafu ukiwekewa ukurasa halisi unaona wadudu tu. Mimi niliporudi nilinunua daftari la darasa la kwanza, lile la mistari mipana, nikawa naandika mstari mmoja kila siku kabla ya chai, naweka nukta mwishoni kwa makusudi, chini, juu, chini, huku natamka. Na chagua mwandiko mmoja. Ipo mitatu: Estrangela ambao ndio wa kale, Serto wa Wasiria wa magharibi, na ule wa mashariki. Mimi nilivamia yote kwa mpigo kwa sababu eti nina miezi mitatu. Shika Estrangela, ndio uliomo kwenye nakala za zamani kabisa. Iko British Library nakala iliyoandikwa Edessa, mji ambao leo ni Urfa kule kusini mwa Uturuki, na mwandishi ameweka tarehe yake, inaangukia mwaka 411. Miaka elfu na mia sita! Ukishazoea Estrangela unaziona picha zake na unatambua herufi moja moja, mimi siku ya kwanza nilipotambua neno "malka", mfalme, niliita nyumba nzima ije kuona. Kisha nikagundua nimekosea tena, juu yake kulikuwa na nukta mbili, na hizo mbili maana yake ni wingi, ni "malke", wafalme, herufi zilezile. Nukta jamani.

Andika kwa mkono, narudia.

La pili, anza na mali uliyonayo tayari. Watu wananiambia Kisiria kiko mbali na sisi, nawauliza kasisi ni neno la wapi? Kwa Kisiria qashisha ni mzee, ndiye mzee wa kanisa, na shammasha ni mtumishi, ndiye shemasi wetu. Sliba ndio msalaba. Wakristo wa Kisiria waliwapa Waarabu, Waarabu wakatupa sisi, na sisi tunayatumia kila Jumapili bila kujua yametembea kiasi gani. Ongeza roho na ruha, nafsi na nafsha, mauti na mawta, kitabu na ktaba, salama na shlama. Jirani yangu ustadhi ndiye aliyenifundisha kutafuta mzizi wa herufi tatu unaobeba maana ya neno, tumekaa kwenye benchi lake la duka jioni nyingi tu, mimi na ukurasa wangu niliouprinti steshenari, yeye hasomi Kisiria hata herufi moja lakini nikimtajia mzizi anaukamata kwa Kiarabu kabla sijafungua kamusi. Na kamusi zipo za bure, ile ya Jessie Payne Margoliouth ya 1903 imeshaskaniwa, aliitoa kwenye kamusi kubwa ya baba yake. Ukiona hukuti Ufunuo kwenye Peshitta ya zamani usiogope, Agano Jipya lake lina vitabu 22 tu, Ufunuo, Yuda, 2 Petro, 2 na 3 Yohana havimo.

Sasa la tatu, na hapa naomba unisikilize vizuri kijana kwa sababu najua unakotaka kwenda, unataka madhabahu. Mimi nilikuwa hapo. Baada ya mwezi wa pili tu nilipewa dakika kumi kwenye ibada ya katikati ya wiki, nikasimama nikasema wapendwa, katika lugha ya Yesu, lile neno "ngamia kupenya tundu la sindano" ni gamla, na gamla maana yake ni kamba! Watu waliitikia amina mpaka bati likatetemeka. Nilikuwa nimeipata kwenye video. Siku nyingine niko kwenye Mathayo 3:4, mavazi ya Yohana Mbatizaji, nikakutana na gamla yuleyule, singa za ngamia. Nikaenda Mathayo 23:24, mnachuja mbu na kumeza ngamia, gamla tena. Sasa Yohana alivaa singa za kamba? Hilo la kamba ni la zamani kweli, hata Kirilo wa Aleksandria, askofu wa kale, alilisema akifafanua Kigiriki, lakini mimi sikuwa namjua Kirilo, nilikuwa na video ya dakika sita na hamu ya kusikia amina. Na hiyo "lugha ya Yesu" nayo ipime. Yesu alisema Kiaramu cha Galilaya, Kisiria ni Kiaramu cha Edessa kilichokuja kukua na kuandikiwa vitabu baadaye, ni kama mtu akusomee utenzi wa Kiamu akuambie hiki ndicho Kiunguja cha sokoni Darajani. Undugu upo, ila si kitu kimoja. Usimtishe bibi wa watu kanisani kwa neno ambalo wewe mwenyewe ulilijua jana. Usitafute heshima kwa herufi ambazo hakuna wa kukukagua. Nimesema.

Kama unaona umechelewa, au wamekucheka kama mimi, mtafute Agnes Smith Lewis. Mskoti, aliishi Cambridge enzi ambazo mwanamke hapewi digrii hapo, akajifunza Kisiria ukubwani kabisa, na mwaka 1892, ana miaka 49, akapanda ngamia (gamla, si kamba) na pacha wake Margaret Dunlop Gibson mpaka monasteri ya Mtakatifu Katarina, Sinai. Akapewa kitabu cha ngozi kichafu, kurasa zimegandana, akazibandua kwa mvuke wa birika. Maandishi ya juu yalikuwa habari za watakatifu wanawake, lakini chini yake palikuwa na maandishi mengine yaliyofutwa, na yeye akayatambua kuwa ni Injili. Zikaja kuwa Injili za Kisiria cha kale kuliko Peshitta. Nikikata tamaa huwa naliwaza lile birika.

Na nikueleze kwa nini nililia kidogo kwenye Marko 5. Sandeskuli tulisomewa "Talitha, kumi" na mimi nilijua ni kumi, tisa kumi, nikawa najiuliza mbona mstari unaofuata wanasema binti alikuwa na miaka kumi na miwili, Yesu kakosea hesabu? Miaka thelathini na kitu baadaye nakaa na Peshitta, nafika mstari wa 41, ܛܠܝܬܐ ܩܘܡܝ, tlitha qum, msichana inuka. Hiyo "i" ya mwisho imeandikwa lakini kwa Kisiria haisomwi, na nakala za Kigiriki zenyewe zimegawanyika, nyingine zina kum nyingine kumi. Nikangoja yale maneno yetu, "tafsiri yake". Hayapo. Mstari umeisha. Hakuna tafsiri kwa sababu msomaji wa Kisiria hakuhitaji, ni lugha yake, na usiku ule, dakika ile moja, hata mimi sikuhitaji.

Kijana nimemjibu aandike herufi zote 22 kwa mkono, mara kumi, anitumie picha. Akatuma dole gumba. Baada ya dakika tano akauliza kama kuna programu inayofanya hiyo kazi.