Kwa mnaoanza kusoma habari za Wamorisko wa Hispania

Wanaoanza kusoma Hispania ya karne ya 16 wengi wanakuja na swali lilelile: huyu Mmorisko, yani Muislamu wa Hispania aliyebatizwa au mtoto na mjukuu wake, alikuwa Muislamu anayejificha, au Mkristo kweli? Ushauri wangu, hilo swali liwekeni pembeni kwanza, maana ndo swali la Inkwizisheni yenyewe, yani mahakama ya Kikatoliki ya kusaka wazushi wa dini, na ukiingia nalo kwenye faili za kesi zake utatoka na majibu ya mahakimu, sio ya watu.

Mfuatano wa mambo mnauhitaji ila hauchukui muda. Granada, ufalme wa mwisho wa Waislamu Hispania, inaanguka Januari 1492, mkataba unawaahidi Waislamu dini yao na makadhi wao. Mwaka huohuo Wayahudi wanaambiwa wabatizwe au waondoke. 1499 askofu mkuu Cisneros anaanza kubatiza watu Granada kwa nguvu, watu wanaasi, wakubwa wanasema basi mkataba mmeuvunja wenyewe, na kufikia 1526 kwenye falme za Hispania, si Castilla si Aragón, kote hakuna tena Muislamu anayetambulika kisheria. Kwenye karatasi wote ni Wakristo.

Sasa hapo ndo pa kukaa sana. Kama kila mtu ameshabatizwa, utamjua vipi mzushi? Inkwizisheni ikaanza kuangalia jikoni na mwilini: nani hali nguruwe, nani anapika kwa mafuta ya zeituni, nani anabadili nguo Ijumaa, nani kapaka hina, nani anaoga mno. Hiyo orodha inasomwa kanisani na jirani anatakiwa aripoti. Ukikamatwa huambiwi aliyekushtaki, unaulizwa ukoo wako mpaka babu na bibi alafu usimulie maisha yako. Kwa hiyo ukikuta mtu "amekiri" kuoga, jiulize kwanza nani aliamua kuoga ni dini.

Hilo swali kuna Mmorisko aliliuliza mwenyewe tena waziwazi, na mkisoma kitu kimoja tu mwaka huu someni hicho. Francisco Núñez Muley, mzee wa ukoo wa heshima Granada. Mwaka 1567 ikatoka amri ya kupiga marufuku Kiarabu, mavazi yao, mabafu na ngoma ya zambra, yeye akaandika utetezi akaupeleka kwa Pedro de Deza, rais wa mahakama kuu ya Granada. Anasema mavazi ni ya mkoa, kila mkoa una yake na bado wote ni Wakristo. Kiarabu? Wakristo wa Jerusalem wanakiongea, na wa Malta pia. Zambra ingekuwa ya Uislamu ingefanana na ya Fez kule Morocco na ya Waturuki, mbona haifanani? Mi naona ni hoja nzito kuliko nyingi zilizoandikwa baadaye. Hawakumsikiliza, na mwisho wa 1568 milima ya Alpujarras ikawaka vita mpaka 1571.

Msije mkadhani basi wote walikuwa Wakristo wenye nguo tofauti tu. Kuna fatwa ya mufti wa Oran, mji wa Algeria ya leo, ya 1504 inayowaruhusu kusali hata kwa ishara na kunywa pombe wakilazimishwa, mradi moyoni wakatae. Na kuna maandishi ya aljamiado, yani Kihispania kilichoandikwa kwa herufi za Kiarabu, mengi yalikutwa 1884 kwenye kijiji cha Almonacid de la Sierra, Aragón, yamefichwa chini ya sakafu. Hapa Mswahili anayejua tenzi zetu za zamani ziliandikwaje hashangai hata kidogo, kwa hiyo jifunzeni kusoma hizo herufi hata kama Kiarabu chenyewe hamkijui.

Mkishafika kwenye Wamorisko kufukuzwa Hispania, 1609 hadi 1614, kama watu 300,000, msifunge kitabu. Wafuateni mpaka Tunis, kule utakuta waliofukuzwa wanaandika mafunzo ya Uislamu kwa Kihispania kwa sababu wenzao Kiarabu hawakijui.

Kuhusu nyaraka, kabla ya kuhangaika na nauli ya Madrid ingieni kwenye PARES, tovuti ya nyaraka za kale za Hispania, ni bure na nyaraka nyingi zimeshapigwa picha. Anzeni na muhtasari wa kesi ambao mahakama za Inkwizisheni za mikoa zilikuwa zinatuma makao makuu, maana mafaili kamili ya mahakama nyingi yamepotea, na ule mwandiko wa makarani wa karne ya 16 tafuteni mtu awafundishe mapema.