Eleventhly ni neno halali

Je, eleventhly ni Kiingereza sahihi? Ndiyo. Maana yake ni "jambo la kumi na moja", si "mara ya kumi na moja", na hapo ndipo wengi huteleza. Ukisema "thirdly, he lied" unataja hoja yako ya tatu: alidanganya. Kama alidanganya mara ya tatu, utasema "he lied for the third time". Kiswahili chetu kinazitenganisha wazi: "tatu, alidanganya" na "alidanganya mara ya tatu".

Kanuni yenyewe ni kubandika -ly kwenye namba ya mpangilio, kwa hiyo hata twentiethly inaundika. Ni adimu kwa sababu hoja zikishapita nne au tano msikilizaji anapotea. Wahubiri wa Uingereza wa karne ya 17 walitumia sana maneno kama haya, maana mahubiri yao yalikuwa na vipengele vingi vyenye namba.

Nafundisha Kiingereza, na wanafunzi wangu nawaambia waishie thirdly, kisha finally. Tena first peke yake inatosha. Firstly si kosa, ila wapo wahariri wanaoikataa.