Msome Epicurus, ila anza na wosia wake

Msomaji mmoja amefiwa na baba yake na sasa anakesha na vitabu vya wanafalsafa wa Ugiriki. Ameniuliza: "Kaka, wewe Epicurus alikusaidia?"

Alinisaidia, ila si kwa ile hoja yake maarufu, kwamba sisi tukiwapo kifo hakipo, na kifo kikifika sisi hatupo. Ni hoja kali, sijaona wa kuivunja. Lakini inamfaa anayekufa; mfiwa haimshiki. Kwenye msiba wa baba yangu nilimtajia shangazi hoja hiyo, akaniangalia tu, akaendelea kuchambua mchele.

Kilichonishika mimi ni alivyokufa mwenyewe, Athens, mwaka 270 KK. Jiwe lilikuwa limemziba mkojo na tumbo linamwendesha. Inasimuliwa kwamba aliingia kwenye beseni la shaba lenye maji ya uvuguvugu, akaagiza divai isiyotiwa maji, akainywa. Katika barua ya siku zake za mwisho anamwambia rafiki yake Idomeneus kwamba maumivu hayana mfano, ila furaha ya kukumbuka mazungumzo yao inapambana nayo. Papo hapo anamwomba awatunze watoto wa Metrodorus, mwenzao aliyetangulia.

Wosia wake nao upo, Diogenes Laertius, mwandishi wa kale wa maisha ya wanafalsafa, kaunukuu. Bustani aliyofundishia itumiwe na Hermarchus, mrithi wake shuleni, na wanafunzi. Binti wa Metrodorus akikua aozwe. Vitabu apewe Hermarchus. Watumwa wanne waachwe huru, mmoja wao mwanamke, Phaedrium. Yaani mtu anayefundisha kwamba kifo si kitu kwetu, kapanga mpaka vitabu vyake viende kwa nani!

Baba yangu hakuacha hata karatasi. Kikao cha ukoo kikageuka vita ya kiwanja, na jamaa mmoja akaibuka na barua ambayo hakuna aliyewahi kuisikia baba akiwa hai. Arobaini ilisomwa watu wamenuniana. Mpaka leo tukikutana harusini, mimi na huyo jamaa tunapeana mkono huku kila mmoja anatazama kwingine.

Wosia wangu nimeshaandika, mashahidi wamesaini, na naringa nao. Mke wangu aliona ni nuksi, kujiitia kifo. Nikamsomea wa Epicurus, akanyamaza, kisha akauliza mbona sufuria zake sijaziandika.

Ndugu zangu, andikeni. Una kiwanja, andika. Una deni, andika unadaiwa na nani. Una mtoto wa marehemu rafiki yako unayemlipia ada, mtaje kwa jina, maana ukishafukiwa hakuna atakayemkumbuka. Hofu ya kifo mtasoma baadaye, wajane na yatima hawawezi kusubiri mmalize falsafa.

Na msiniambie hamna mali. Huyo Epicurus mnayemdhani tajiri aliwahi kumwandikia rafiki amtumie kijungu cha jibini, ili siku akijisikia kula karamu, ale.