Simba na simha

Umeuliza kama "simba" letu limetokana na "simha", lenye maana ileile katika Kisanskriti, lugha ya kale ya India. Hapana, ni neno la Kibantu: Washona wa Zimbabwe, mbali kabisa na pwani, humwita shumba. Sauti zimefanana tu.

Ila hilo simha nalo limesafiri! Limo katika jina Singh (ndiyo maana sisi tunasema Masingasinga), katika Singapura, yaani "mji wa simba", na katika Narasimha, yaani Vishnu, mungu wa Wahindu, akiwa na kichwa cha simba na mwili wa mtu. Huyo alimrarua mfalme Hiranyakashipu kizingitini, jua likizama, kwa sababu mfalme alikuwa na kinga: asingeuawa ndani wala nje, mchana wala usiku. Hekaya tamu mno!

Kwa Waarabu, majina yenye maana ya simba ni Asad na Haidar.