Maswali ya Jikoni: Latke Zinazokatika kwa Mlio

SWALI: Mhariri, nimekuwa nikijaribu kupika latke, zile chapati ndogo za viazi ambazo Wayahudi hula katika sikukuu ya Hanuka, lakini kila mara zinatoka laini, zimejaa mafuta na katikati hazijaiva sawasawa. Niliongeza unga ili zishikamane, zikawa nzito zaidi. Vilevile viazi hugeuka rangi ya kijivu kabla sijaanza kukaanga. Je, nakosea wapi? Na naweza kuzipika mapema, kabla wageni hawajafika?

JIBU: Ndugu msomaji, kasoro zote ulizozitaja, isipokuwa ile ya rangi, zinatokana na maji. Kiazi kibichi ni maji kwa sehemu kubwa, na maji hayo yasipotolewa kabla ya kukaanga yatatokea kikaangoni, yapoze mafuta na kuzifanya latke zichemke badala ya kukauka. Kuongeza unga hakuondoi maji. Kunayafunga tu ndani ya donge.

Kwa kilo 1 ya viazi vyenye wanga mwingi, yaani vile vinavyovurugika upesi vikichemshwa, chukua kitunguu kimoja kikubwa, mayai 2, vijiko vikubwa 4 vya unga wa matza (mkate mkavu usiotiwa chachu, uliosagwa) na chumvi. Ukikosa unga wa matza, unga wa ngano unafaa, kwa kuwa marufuku ya chachu ni ya Pasaka ya Kiyahudi, si ya Hanuka. Kwaruza viazi kwa upande wa kikwaruzo wenye matundu makubwa, ukichanganya na kitunguu kadiri unavyoendelea, kwa sababu maji ya kitunguu huchelewesha viazi kubadilika rangi. Rangi hiyo husababishwa na hewa na haina madhara, lakini chapati ya kijivu haipendezi mezani.

Kisha fungia mchanganyiko huo katika kitambaa safi na uukamue juu ya bakuli kwa nguvu zako zote. Ukidhani umemaliza, fungua kitambaa, geuza viazi, ukamue tena. Usiyamwage maji hayo mara moja. Yaache yatulie kwa dakika 5 hadi 10, kisha yamimine polepole, na chini ya bakuli utaona tabaka jeupe, zito, lililoshikana hata ukilisukuma kwa kidole. Huo ndio wanga wa viazi vyenyewe, nao hushikamanisha latke vizuri kuliko unga wowote. Ukwangue, uchanganye na viazi pamoja na mayai na unga, na chumvi uitie mwisho kabisa, kwa maana huvuta maji. Mapishi mengi huruka hatua hii ya wanga, jambo ambalo kwangu halieleweki, kwani haigharimu chochote.

Mafuta yawe na kina cha karibu nusu sentimita na joto la nyuzi 180 hivi za Selsiasi; uzi mmoja wa kiazi ukiangushwa humo uanze kutoa povu papo hapo. Tandaza kila latke iwe nyembamba katikati, uache nyuzi zisizolingana pembeni, maana hizo ndizo hukauka kwanza na kuvunjika kwa mlio. Usijaze kikaango. Kaanga dakika 3 hadi 4 kila upande, na ugeuze mara moja tu, kingo zikishakuwa za kahawia. Zichujie juu ya wavu wa chuma, si juu ya karatasi, kwa sababu mvuke unaonaswa chini yake huzilainisha upya.

Kuhusu wageni, usiandae mchanganyiko mbichi tangu jana yake, kwani utatoa maji tena. Zikaange kabisa, zipoe, uzigandishe zikiwa zimetengana, kisha uzipashe juu ya wavu katika oveni ya nyuzi 220 hadi zianze kutoa mlio.

SWALI: Je, ni lazima nitumie mafuta ya mimea? Nimesikia zamani walitumia mafuta ya bata bukini.

JIBU: Ni kweli. Wayahudi wa Ulaya Mashariki walizikaangia mafuta hayo, ingawa viazi vyenyewe, vilivyotoka Amerika Kusini, vilienea huko karne nyingi baada ya sikukuu kuanza. Hanuka hukumbuka kuwekwa wakfu upya kwa Hekalu la Yerusalemu, mwaka 164 KK, na mapokeo ya mafuta ya siku 1 yaliyowaka kwa siku 8. Kwa hiyo kukaanga ndiko kunakozingatiwa, na mafuta yoyote yanayostahimili moto mkali yanatosha. Ila kama mezani pako kuna anayefuata sheria za kosher, yaani sheria za Kiyahudi za vyakula, latke za mafuta ya bata bukini zisiliwe na krimu chachu, kwa kuwa nyama na maziwa havichanganywi. Mpe rojo la matofaa, ambalo kwa maoni yangu ndilo linalozifaa zaidi kwa vyovyote vile.