Shangazi, nimechoka kuwa mlinzi wa geti

Shikamoo Shangazi. Nina miaka 46, ni mwalimu wa sekondari Morogoro, na kwa miaka 11 nimeigiza katika filamu za waongozaji wanaojitegemea. Kila mara napewa mlinzi, dalali au mjomba mlevi, nami hujilipia nauli. Mke wangu ananiita "mzee wa sini moja". Sasa nimeitwa tena kuwa mlinzi, na kuhusu malipo nimeambiwa tutakumbukana filamu ikiuzwa. Nikatae, au niache ualimu nikatafute usteringi Dar es Salaam?

Marahaba, mwanangu. Ualimu usiuache. Filamu huru, yaani hizo za waongozaji wanaojitegemea, hutengenezwa kwa fedha za kuungaunga, na mara nyingi hata steringi hapati cha kumfikisha mwisho wa mwezi, sembuse mwenye sini moja. Mwigizaji Steve Buscemi, ambaye filamu huru za Marekani zimemtegemea kwa miongo kadhaa, alikuwa mzimamoto jijini New York kuanzia 1980 hadi 1984 huku akijifunza sanaa yake.

Kuhusu udogo wa nafasi, mtazame mwigizaji wa Marekani, Harry Dean Stanton. Alianza katika miaka ya 1950, akacheza wahalifu na wapita njia ambao watazamaji waliwakumbuka kwa sura bila kujua majina yao, mpaka mwongozaji Mjerumani Wim Wenders alipomfanya mhusika mkuu wa Paris, Texas, filamu iliyoshinda tuzo kuu ya tamasha la filamu la Cannes, Ufaransa, mwaka 1984, naye akiwa na miaka 57. Mhusika huyo hasemi neno kwa sehemu ndefu ya mwanzo. Naamini ukimya ule ulibebeka kwa sababu aliyeubeba alikuwa amezoea kujieleza kwa macho na mwendo katika nafasi zisizo na maneno. Kwa hiyo huyo mlinzi mcheze, lakini kwanza jiulize ameingia zamu saa ngapi na amemwacha nani nyumbani.

Hilo la kukumbukana, hata hivyo, likatae. (Filamu ambayo haijauzwa haina asilimia ya kugawa.) Omba mkataba wa maandishi unaotaja kiasi, hata kiwe kidogo, kitakacholipwa siku ya kurekodi, pamoja na nauli, chakula, jina lako katika orodha ya waigizaji, na nakala ya sini zako za kuwaonyesha waongozaji wengine.

Mkeo sidhani kama anadharau sanaa. Nahisi amechoka kuona fedha za unga zikigeuka nauli ya lokesheni. Mpe mkataba huo ausome kabla hujautia sahihi.